Mwanamume wa Nyumba ya Gati

Sirari, Tarime
14 Januari 2024

Kaka Ezra,

Kabla hujaendelea kusoma, funga mlango. Maneno yote yaliyomo humu yabaki kwako. Usimsomee mtu, usiyapige picha, usiitaje barua hii kwenye simu hata kwa utani. Ukimaliza, ichome. Simu ninayotumia ni ya ofisi, laini imesajiliwa kwa jina la bosi, na mara kwa mara huiomba akisema anataka kuangalia kitu. Ndiyo maana nimerudi kwenye karatasi kama watu wa zamani.

Shikamoo kaka. Sisi hatujambo kiasi. Mvua ya vuli ilikuwa nzuri na mahindi ya mama yamesimama vizuri upande wa mtoni. Mama mwenyewe alilala na malaria wakati wa Krismasi lakini sasa anapalilia. Bibi Gati mguu wake umevimba tena, anafika zizini tu na kurudi. Anakuuliza kama huko unakochezea hivyo vifalme vyako vya chesi wanapika ugali, au ndiyo maana kwenye picha umekonda.

Sasa nikuambie kilichonifanya niandike. Ile barua pepe uliyoipata kutoka kwangu wiki hii niliichapa mimi, lakini maneno si yangu. Bwana Waitara, huyu Mkenya wa Isebania, ng'ambo ya mpaka, mwenye ofisi yetu ya kutoa mizigo forodhani, alikuwa amesimama nyuma ya kiti changu.

Aliona habari zako kwenye mtandao: kijana wa Tarime, ametimiza vigezo viwili vya cheo cha ugrandmasta, amebakiza kimoja. Aliniita ofisini kwake akafunga mlango. Akaniuliza kama mama yangu anaitwa Elieth wa Itiryo, kwa sauti ya mtu anayeuliza jambo asilolijua. Nikajibu ndiyo. Kisha akasema, nayaandika kama alivyoyasema: "Huyo kijana ni damu yangu. Atacheza chini ya bendera ya Kenya na atatumia jina langu. Mimi nitamlipia kila kitu mpaka awe grandmasta."

Wewe unajua na mimi ninajua ni lori la nani lilikuwa likiegeshwa pale njia panda tulipokuwa wadogo. Itiryo nzima inajua. Lakini hilo halisemwi, kwa sababu kwetu halina uzito. Bibi hakujaliwa mtoto wa kiume. Mumewe, Mzee Heche, alipofariki, Bibi alitoa ng'ombe wake mwenyewe akamwoa mama, kama mila yetu inavyomruhusu mwanamke, ili nyumba yake isifutike. Sisi ni watoto wa ng'ombe hao. Mwanamume aliyekuja kwa mama alikuja kama mgeni, akala, akaondoka. Mgeni hawezi kurudi baada ya miaka yote hii kudai kiti.

Kaka, usisaini chochote anachokutumia. Wadogo zake Mzee Heche hawakuipenda kamwe nyumba hii, na shamba lile wanalitazama. Nyumba ya Bibi ina mwanamume mmoja tu, ni wewe.

Ukijibu, tumia sanduku la posta la shule, kwa jina la Mwalimu Modesta. Nimemweleza kwamba ni mambo ya masomo. Bwana Waitara akijua nimekuandikia hivi sitakuwa na kazi, na mshahara huu ndio unaomnunulia Bibi dawa.

Mdogo wako,
Mokami

*

Szeged, Hungaria
6 Machi 2024

Mdogo wangu Mokami,

Marahaba. Barua yako ilinifikia mwisho wa Februari, imelowa pembeni. Nimeichoma kama ulivyosema, kwenye jiko la gesi, na mwenye nyumba akaja kuuliza kama ninataka kuunguza jengo.

Nimefurahi mama amepona. Mwambie Bibi ugali hakuna, kuna uji mzito wa mahindi wanaoutia maziwa, ungemkasirisha. Baridi inapungua. Asubuhi ninafundisha watoto wa klabu, jioni ninacheza.

Uliwahi kuniuliza maisha ya magrandmasta yakoje na sikukujibu. Nikueleze moja. Chumba ninachokaa ninachangia na mzee ambaye ni grandmasta tangu kabla mimi na wewe hatujazaliwa. Alipokuwa kijana serikali yao ilimpeleka duniani kote, alipokewa na magari, watoto walimpa maua. Sasa anazunguka kwenye mashindano madogo kwa sababu waandaaji wanahitaji magrandmasta mezani ili vijana kama mimi tuweze kupata vigezo vyetu. Wanamlipa chumba na chai ya asubuhi. Anachukua mikate miwili, mmoja anaufunga kwenye kitambaa kwa ajili ya mchana. Anakohoa usiku kucha, na asubuhi anaketi mezani na tai yake shingoni. Sisi vijana tunamwinda, tunajua mchezo ukifika saa ya nne anachoka na kukosea. Mimi pia nilimshinda namna hiyo. Aliinuka, akanipa mkono, akaniuliza nyumbani kwetu ni wapi. Nikamwambia. Akasema nisikae huku muda mrefu sana.

Kigezo kimoja kimebaki. Mashindano yanayofaa yako Aprili, na mengine hayatakuwepo hadi mwakani. Hati yangu ya kukaa hapa inaisha mwezi wa saba. Nakueleza hivyo ili uelewe.

Kuhusu yale mengine, usihangaike sana. Jina ni maandishi kwenye kikaratasi kinachowekwa mezani karibu na saa. Mashindano yakiisha kinatupwa. Bibi ni mtu mwelewa, lakini kwa sasa msimwambie lolote.

Msalimie mama. Mlinde Bibi.

Kaka yako,
Ezra

*

Itiryo
Jumatatu ya Pasaka, 1 Aprili 2024

Kaka Ezra,

Shikamoo. Barua yako nimeipata kwa Mwalimu Modesta nilipopita kuja likizo. Nimeisoma mara nyingi nikitafuta sentensi moja, haimo.

Pasaka tumeila vizuri. Mama alichinja jogoo. Bibi alikaa nje kwenye ngozi yake, akala paja, akasema mwaka huu jogoo walikuwa na miguu ya wanariadha. Lakini uvimbe umepanda hadi gotini, na daktari wa kituo cha afya amesema moyo umechoka.

Jumamosi alikuja Steven, mtoto wa mmoja wa wadogo zake Mzee Heche. Alikuja na kamba na vijana wawili, akaanza kupima shamba kuanzia mtoni. Mama alimuuliza anapima nini. Akasema anapima mali ya ukoo kabla haijaliwa na wapita njia. Mama akaingia ndani, unajua mama hapendi maneno. Ni Bibi aliyeinuka, akashika ukuta, akamwita.

Nilikuwa nimesimama mlangoni. Steven alimsalimia kwa heshima, shikamoo bibi, kama hana jambo. Bibi hakuitikia. Alimuuliza kama anaona hii nyumba haina mlango. Steven akacheka, akasema nyumba ipo, mlango upo, mwanamume ndiye hayupo. Mwanamume wa nyumba hii, alisema, anacheza bao na wazungu.

Bibi akamwambia: "Mura, kijana wewe, nilimwoa Elieth kwa ng'ombe niliowakamua kwa mikono hii. Baba yako alikula nyama ya sherehe hiyo. Mtoto aliyezaliwa ndani ya ng'ombe wangu ni wa Gati na Heche, awe hapa, awe mwezini."

Steven alikunja kamba yake. Alipopita karibu nami alinisemesha polepole, kwamba yeye hana haraka, na kwamba Sirari siyo mbali, watu wanasikia.

Sijui alisikia nini. Ninachojua mimi ni kwamba tangu Februari Bwana Waitara ana furaha. Ananunua nyama choma kwa ofisi nzima. Madereva wakimtania anasema ana ndama mkubwa Ulaya. Mtu huyo hafurahii kitu ambacho bado hajakishika mkononi, nimefanya naye kazi, ninamjua.

Kwa hiyo ninakuuliza, nawe unijibu kwa neno moja. Umesaini? Kama bado, cheza kwa jina lako hata ukishindwa. Bibi hamjui grandmasta ni nani. Anajua tu kwamba una jina la mume wake na utarudi kumwagia udongo wa kwanza kaburini. Kama nyumba ina mwanamume, mama anabaki mahali pake mpaka afe. Kama haina, wazee wanaifunga, na kila kilichomo kinarudi kwa kina Steven. Hapo ndipo tulipo.

Mokami

*

Szeged
12 Mei 2024

Mokami,

Natumaini wote mko salama na mguu wa Bibi umepungua. Huku miti imechanua. Natamani ningekuwa na habari nyepesi zaidi za kuanzia.

Neno moja uliloliomba ni ndiyo. Nilisaini karatasi zake Januari, za jina na za bendera. Barua yako ya kwanza ilikuwa bado njiani. Niliona barua pepe yenye jina lako, imeandikwa vizuri, kwa adabu, kama unavyoandika wewe, ikisema familia imekubali. Sikujiuliza kwa nini hukumtaja Bibi hata mara moja. Nilipaswa kujiuliza. Nilikuwa nimetakiwa kuhama chumba, na klabu ilikuwa haijanilipa tangu Novemba. Ulipoandika ukinionya, ilikuwa imeshafanyika, na niliona aibu kukuambia. Nikakupa hadithi ya mzee.

Huyo mzee amefariki. Alifia kwenye basi akienda mashindanoni, tai shingoni. Shirikisho lao lilinipigia kuniuliza ana ndugu gani. Nimekaa naye miezi mingi na sikujua. Wakatafuta, hawakupata mtu. Manispaa ndiyo iliyomzika. Tulikuwa wachezaji wanne, na hakuna hata mmoja aliyejua aseme nini kwa lugha ya marehemu.

Kigezo cha tatu nimekipata. Raundi ya mwisho nilihitaji sare tu. Mpinzani wangu alinipendekezea sare kabla hata hatujafikia katikati ya mchezo, naye alikuwa anataka kuwahi treni. Hivyo ndivyo nilivyokuwa grandmasta. Nilikaa mezani baada ya yeye kuondoka, nikatazama kile kikaratasi. Kiliandikwa Ezra Waitara, na bendera ya Kenya. Nilihisi kama nimekaa kwenye kiti cha mtu na mwenyewe yuko njiani anakuja.

Jina nitalirudisha. Kuna utaratibu, ni wa gharama na muda, lakini upo. Nipe mwaka mmoja. Mpaka hapo jambo hili lisifike Itiryo.

Na kuna kitu ambacho wewe hujakisema, nami nitakisema. Ukumbuke lile lori. Lilikuja pia miaka uliyozaliwa wewe. Kama mimi ni damu yake, wewe ni nani? Unakaa mita chache kutoka mlango wake kila siku. Amewahi kukuita mwanangu?

Ezra

*

Nata, Serengeti
7 Julai 2024

Kaka Ezra,

Shikamoo. Sisi tunapumua. Mama yuko karibu nami na anakula kidogo. Huku kuna ukame na upepo wenye vumbi, watu wa hapa ni wapole na hawatuulizi maswali. Samahani kwa karatasi hii, imetoka kwenye daftari la mtoto wa jirani.

Barua yako ya Mei niliipokea mwezi uliopita, kila kitu kikiwa kimeshapita.

Bibi alifariki Jumapili ya tarehe 19 Mei, asubuhi, wakati mama anampa uji. Wiki moja kabla, Bwana Waitara alikuwa ametundika bango juu ya mlango wa ofisi, kubwa, lenye picha yako na maneno ya kukupongeza kwa jina lake. Alileta spika na soda. Nilikunywa soda kwa sababu alikuwa ananiangalia. Jumamosi nilikwenda nyumbani. Bibi alinishika mkono akaniuliza: "Mura wangu ameshinda?" Nikamwambia ameshinda. Akasema nikuandikie usivimbe kichwa. Nashukuru Mungu kwamba hakuniuliza zaidi.

Mazishi yalikuwa Jumanne. Watu walikuja wengi, hata kutoka Kerende. Kaburi lilichimbwa kando ya Mzee Heche. Wakati wa kumwaga udongo mzee Nikolaus, ndiye mkubwa wa ukoo sasa, aliuliza mwanamume wa nyumba hii yuko wapi. Mama akajibu yuko safarini, anaitwa Ezra Heche, na mdogo wake Mokami atashika udongo kwa niaba yake hadi arudi. Mzee Nikolaus akatikisa kichwa, akasema limesikika. Alikuwa anakubali, kaka. Nilishaanza kuinama.

Ndipo Steven akatoka kwenye kundi la vijana akiwa na simu. Akasema yeye hana ugomvi na marehemu, ila anaomba wazee waangalie kitu kabla hawajamwaga udongo wa uongo. Alikuwa amepiga picha lile bango. Wazee walipokezana simu, hakuna aliyeona vizuri, jua lilikuwa kali. Mmoja akamwambia Steven asome. Mzee Nikolaus akakataa. Alisema Steven atasoma anachokitaka. Akaninyooshea mimi ile simu.

"Binti, kazi yako ni kusoma karatasi za watu forodhani," alisema. "Wewe hatuna shaka na wewe. Tusomee."

Nataka ujue jinsi ilivyokuwa. Wazee hao wangeniamini mimi. Kama ningesema bango limeandikwa Heche, Steven angepiga kelele, nao wangemnyamazisha, na Bibi angefunikwa na mtu wa nyumba yake. Nililijua hilo nikiwa nimeishika simu. Lakini niliona macho ya Steven, na niliona watu wa Sirari kwenye umati, waliokunywa soda ile ile, na nikawaza nitakavyokuwa mtu aliyesema uongo mbele ya kaburi, ikajulikana kesho yake. Niliogopa. Macho yakafanya kazi yaliyoizoea. Nikasoma: "Hongera Grandmasta Ezra Waitara, fahari ya Isebania."

Mzee Nikolaus akaniambia nirudie kwa sauti, walio nyuma hawakusikia. Nikarudia.

Hakuna aliyepiga kelele. Ingekuwa afadhali. Mzee Nikolaus alichukua simu akamrudishia Steven, akasafisha mikono kwenye koti lake. Akasema mtoto akijipeleka mwenyewe kwa mgeni, ng'ombe walikufa bure. Steven ndiye aliyemwaga udongo wa kwanza. Jioni wazee walikaa, wakasema nyumba ya Gati imefungwa. Mama aliruhusiwa kuvuna mahindi yake, kisha akabidhi.

Usiku huo mama hakulia. Tulikuwa tunaosha sufuria. Akasema bila kunitazama, "Ng'ombe wake niliwazalia. Nilizaa wawili. Mmoja ameuza jina, mwingine amelisoma." Tangu siku hiyo hajalirudia, na mimi sijaacha kulisikia.

Nilirudi kazini Ijumaa, kwa kuwa sikujua pa kwenda. Bwana Waitara alinipa pole. Alikuwa ameshaambiwa kila kitu, na aliona mambo yamenyooka. Alisema sasa anahitaji mama aende naye kwa wakili akaape kwamba wewe ni mtoto wake, ili hati zako zikae sawa na mtu yeyote asije kuzipinga. Nikamwambia mama ana msiba. Akasema atampelekea gari. Kisha akanipiga bega akasema nisiwe na wasiwasi, kazi yangu ipo, karani mzuri hapatikani kirahisi. Kaka, hilo ndilo jibu la swali lako. Usiniulize tena.

Gari lilikuja Itiryo kweli, mara mbili. Mara ya pili mama alikuwa mtoni, akakaa huko hadi likaondoka. Alisema amepoteza nyumba, hatatoa na kiapo. Alichokula kwa ng'ombe wa Gati hatakitapika mezani kwa wakili. Tulivuna mahindi yakiwa bado na unyevu. Tukaondoka alfajiri ya siku ya mnada, kwa sababu magari yanakuwa mengi na hakuna anayehesabu abiria. Simu ya ofisi niliiacha juu ya meza pamoja na funguo.

Bwana Waitara anatutafuta. Steven pia, nadhani, ingawa alishapata alichokitaka; anaogopa usije ukarudi. Kwa hiyo zingatia haya yafuatayo, usiyapunguze wala kuyaongeza.

Usipige namba yangu ya zamani, na akipokea mtu mwingine usiseme jina. Usiandike kwa Mwalimu Modesta; Steven amekwisha kwenda shuleni kumuuliza. Andika kwa Dada Efrazia, Kanisa la Nata, Serengeti, naye atanipa mkononi. Ndani ya bahasha hiyo weka nyingine iliyofungwa, usiandike kitu juu yake. Nipo mnadani siku za mnada, ninaandika vibali vya ng'ombe chini ya turubai la bluu. Siku nyingine sipo mahali pamoja.

Ukija mwenyewe, usipitie Sirari wala Tarime mjini. Njoo kwa njia ya Mwanza, upitie Bunda, ushuke Nata stendi. Usiulize nyumba ya Elieth. Muulize Dada Efrazia kama karani wa mnada yupo, kisha ukae kwenye benchi la kanisa umngoje mtu wa kukuchukua. Huyo mtu nitakuwa mimi. Kwa mama usiende moja kwa moja, hata ukimwona kwa mbali. Niandikie kwanza uniambie unakuja lini, na uniambie nimweleze mama anayekuja ni nani, kwa jina lipi.

Mokami Heche